Nyundo ya Thor na Koma za Taru

Siku hizi huko Diani si ajabu kumkuta kijana wa ufukweni amevaa kidani cha nyundo. Ukimuuliza atakwambia ni ya Thor, yule wa sinema. Hajakosea, ila Thor alikuwa mungu wa radi huko Skandinavia, na watu walivaa nyundo yake zaidi ya miaka 1,000 iliyopita. Makumbusho ya Taifa ya Denmark yana kalibu ya jiwe ya karne ya 10 iliyotumika kusubu nyundo na msalaba pia. Fundi yule alijua soko lake: dini mpya imeingia, ya zamani haijatoka.

Sisi wa Taru hatushangai. Mtu huswali Ijumaa au huenda kanisani Jumapili, lakini mambo yakimzidi, wazee huenda kwenye koma wakamwaga tembo na kumwita marehemu kwa jina. Koma yenyewe ni kipande cha mti tu kilichosimikwa ardhini. Ndugu zetu Wagiriama huwachongea wazee marehemu wa chama chao cha Gohu vigango: mti mrefu, kichwa mviringo, kiwiliwili kimejaa nakshi za pembetatu. Kikishasimikwa hakiondolewi. Mji ukihama, kinaachwa palepale kiliwe na mchwa.

Nakshi hizo ndizo zilizoviponza, maana ziliwavutia wanunuzi wa sanaa. Vigango viwili vya familia ya mzee Kalume Mwakiru viliibwa baada ya mtafiti Monica Udvardy kumpiga picha navyo mwaka 1985. Vilikuja kuonekana katika makumbusho mawili ya Marekani, na ile picha ikawa ushahidi. Vilirudi baada ya miaka zaidi ya 20. Tusiwalaumu wanunuzi peke yao, maana mara nyingi aliyeving'oa usiku ni kijana wa huku huku mwenye shida ya pesa.

Marekani hiyohiyo, mwaka 2013, iliruhusu nyundo ya Thor ichongwe kwenye makaburi ya wanajeshi wake wanaoifuata dini ya Thor. Kumbe alama hupata heshima pale inapokuwa na marehemu wake na watu wa kumkumbuka.

Simwambii kijana wa Diani avue kidani, wala simlazimishi kumwaga tembo. Lakini kabla hajaiita koma ushetani, amuulize mzee wa nyumbani ni ya nani. Hakuna dini inayomkataza mtu kulijua jina la babu yake.