Mawe Yasiyoacha Nafasi



Mtume Petro, katika barua yake ya kwanza, awaita waamini mawe hai, wanaojengwa kuwa nyumba ya roho. Basi tuulize: ni maumbo gani yakaayo pamoja bila kuacha nafasi? Msidhani ni swali la mafundi tu. Wapo kati yenu wasemao moyoni: «Mimi nimepinda mno, sitaingia katika nyumba hiyo.»

Tazameni kwanza sega la nyuki. Vijumba vyake vina pembe sita. Kwa nini si mviringo kama mdomo wa chungu? Wekeni sarafu moja mezani, mzizungushie nyingine sita zilizo sawa nayo. Zitagusana zote, lakini kati ya kila tatu pana tundu, na kila sarafu humgusa mwenzake mahali padogo pamoja tu. Ndivyo walivyo jirani wanaosalimiana njiani kila siku, wala hawaingiani nyumbani.

Kuzunguka nukta moja kuna digrii 360. Pembe ya mraba ni 90, kwa hiyo nne zaijaza nukta. Pembe ya pembetatu yenye pande sawa ni 60, zaijaza sita. Ya pembesita ni 120, zatosha tatu. Lakini pembetano, ambayo ni nzuri kwa macho, pembe yake ni 108: tatu zafanya 324, panabaki ufa wa 36, nayo ya nne haingii. Katika maumbo yenye pande sawa na pembe sawa, ni hayo matatu tu yawezayo kila moja kutandaza sakafu peke yake.

Nyuki alipewa pembesita. Pappus wa Alexandria, katika karne ya 4, aliandika kwamba ndiyo ibebayo asali nyingi zaidi kwa nta ile ile. Lakini kwamba hakuna mpango mwingine wowote, hata wa kuta zilizopinda, unaoishinda kwa kugawa sakafu sawasawa, hilo lilithibitishwa mwaka 1999 tu, na Thomas Hales wa Marekani. Penye kuta za urefu wa 100 za pembesita, miraba ingetaka 107 hivi, na pembetatu 122. Nyuki hakusoma hesabu, ninyi mwajua. Afuata maumbile aliyotiwa na Muumba wake.

Sasa chukueni karatasi ya daftari kuukuu. Kateni umbo la pande nne zilizonyoka, lililopinda mpendavyo, lisilo na upande wala pembe iliyo sawa na nyingine. Kateni na mengine saba yaliyo sawa nalo kabisa. Mtasema: haya hayatapatana kamwe. Wekeni la kwanza mezani. Lishikeni la pili, mligeuze nusu duara, kichwa kiwe chini, lakini msilifunue upande wa nyuma. Kisha uunganisheni upande na upande ulio mwenzake. Endeleeni hivyo kila upande. Halibaki tundu hata moja! Sababu yake ni hii: pembe nne za umbo lolote la pande nne, zikijumlishwa, ni 360, basi zote nne zakutana katika nukta moja na kuijaza.

Hapa ndipo lilipo neno langu kwenu. Karatasi ile haikukatwa ili iwe mraba; iligeuzwa. Na kuongoka ni kugeuka. Sisemi kwamba dhambi isikatwe, kwa maana dhambi si umbo tulilopewa na Mungu. Nasema juu ya mwenye ulimi mzito, juu ya mzee asiyejua kusoma, juu ya mtu wa ukoo mnaogombania nao mpaka wa shamba. Yeye na ageuke kuelekea kwa Kristu. Nanyi mwekeeni upande wenu, msingoje awe mraba kwanza.

Usiku wa Mkesha wa Pasaka, utakapoimbwa wimbo wa sifa mbele ya mshumaa mkubwa, sikilizeni vema: watatajwa nyuki na kazi yao. Kabla ya usiku huo, kila mmoja amletee katekista wake vipande vyake vinane, avipange mezani mbele ya wenzake.