Akili ya Mama Asiyelala

Saa tisa usiku, kichanga kikiwa begani, mama hujiambia maneno mazito: "Wewe si mama. Acha chuo." Je, hiyo ni hukumu yake kweli? Nauliza nikiwa mwanafunzi, na mama wa mtoto wa wiki kumi.

Utafiti wa Williamson na Feyer wa mwaka 2000 ulionyesha kuwa mtu aliyekaa macho saa 17 hadi 19, katika baadhi ya majaribio, alifanya vibaya sawa na mwenye asilimia 0.05 ya pombe katika damu, au zaidi. Mama hulala vipande vipande, kwa wiki nyingi. Sisi tunaoikimbia pombe kwa kuwa huifunika akili, ukeshaji huu hatuutazami.

Kalamu imeinuliwa kwa watatu: aliyelala, mtoto na mwendawazimu. Mama hayumo, maana yeye yuko macho! Basi matendo yake ni yake. Lakini katika Hadithi ya Bi Aisha (r.a.), waliyoipokea Bukhari na Muslim, Mtume (s.a.w.) alimwamuru anayesinzia ndani ya swala akalale, kwani huenda akakusudia kuomba msamaha kumbe anajilaani. Hakuambiwa ajikaze, na hiyo ni swala! Kadhi naye amekatazwa kuhukumu akiwa na hasira, na wanazuoni wakakisia humo njaa na usingizi. Kwa hiyo naona hukumu ya mama juu ya nafsi yake usiku ule haipiti. Kuacha masomo au kudai talaka kungoje mpaka alale.

Alale, mtoto amwachie nani? Hapa hesabu inawageukia wengine. Kwetu mzazi hukandwa na kupikiwa uji siku arobaini. Nifasi ikiisha, bibi hurudi kwake, mume husema ana kazi asubuhi, kana kwamba mtoto naye amehesabu arobaini.

Na kama giza halitoki hata baada ya kulala, likaendelea wiki mbili, aende hospitali. Akiwaza kujidhuru au kumdhuru mtoto, apelekwe siku hiyo hiyo. Kisomo kisimcheleweshe.

Nyumbani tumegawana. Mume wangu hushika zamu ya saa nne hadi saa nane usiku, kwa maziwa niliyokamua. Mwanzoni alidai hasikii mtoto akilia. Sasa anasikia.