Fedha za Mama

Mwaka 1920 kampuni ya Fox ya Marekani ilitoa sinema isiyokuwa na sauti, yenye kuchekesha na kuliza, Over the Hill to the Poorhouse, ambamo mama mzee, aliyeigizwa na Mary Carr, baada ya kuwalea wanawe kwa taabu na bashasha, anatupwa nyumba hii na ile hata anaishia katika nyumba ya mafukara, ilhali mwanawe aliye mbali alikuwa akimpelekea fedha kwa mkono wa nduguye, naye huyo nduguye, mtu wa sala nyingi, akizitia kibindoni. Mwana arejea, amkuta mamaye amepiga magoti akisugua sakafu! Akamkamata yule khaini, akamburura njiani. Wala sidhani kama yuko mtazamaji aliyemhurumia.

Hadithi ni ya ng'ambo, lakini hila yake yajulikana hata kwetu. Zanzibar, tangu mwaka 2016, serikali huwapa wazee waliotimiza miaka 70 pensheni, iliyoanza na shilingi 20,000 kwa mwezi. Lakini huku Mbingu na bondeni kote bibi anayeinama kupalilia mpunga huwategemea zaidi wanawe waliopanda treni ya TAZARA kwenda Dar es Salaam, na fedha zao pengine huingia katika simu ya mtu mwingine, kwa kuwa bibi hana yake. Basi wewe uliye mbali, mtafute mama leo, uzungumze naye mwenyewe, umwulize kapokea ngapi.