Kuamua si Kujua: Siri za Ndoa Mbele ya Mahakama

Wahenga walinena kuwa siri ya mtungi aijuaye ni kata. Je, mtungi ukivunjika na kata ikashtakiwa, hakimu ataijuaje siri hiyo?

Swali hili linazuliwa na filamu ya Justine Triet, Anatomie d'une chute, iliyotuzwa Palme d'Or mjini Cannes mwaka 2023. Sandra, mwandishi wa riwaya, anashtakiwa kumuua mumewe, Samuel, aliyekutwa amekufa nje ya nyumba yao milimani nchini Ufaransa. Kwa kuwa hakuna aliyekishuhudia kifo, ndoa yenyewe ndiyo inayopandishwa kizimbani.

Ushahidi mzito ni kanda ya ugomvi wao, ambayo Samuel aliirekodi kwa siri siku moja kabla ya kufa. Upande wa mashtaka unaichukulia kana kwamba ni muhtasari wa ndoa nzima, ilhali ugomvi wa siku moja hauwezi kusimamia miaka ya maisha ya watu wawili. Isitoshe, kiongozi wa mashtaka anasoma mahakamani dondoo la riwaya ya Sandra na kuyafanya mawazo ya mhusika kuwa nia ya mwandishi. Kosa hili si geni kwetu wahakiki. Mara ngapi tumemhukumu mtunzi kwa kinywa cha mhusika wake?

Huenda ikasemwa kwamba mahakama, tofauti na msomaji, haina ruhusa ya kubaki katika utata; sharti iamue. Hoja hii ina mashiko. Hata Daniel, mwana wao mwenye uoni hafifu, anashauriwa kuwa asiyeweza kujua hulazimika kuchagua. Anachagua, anatoa ushahidi unaomfaa mamake, naye mama anaachiliwa. Hata hivyo, filamu haituthibitishii iwapo kumbukumbu ya mtoto huyo ni ya kweli.

Msimamo wetu ni kwamba maamuzi haya mawili hayalingani. Kumtia mtu hatiani ni kudai kujua. Kumwachilia kwa sababu ya shaka ni kukiri mpaka wa ujuzi. Ndiyo maana sheria humpa mshtakiwa faida ya shaka. Mhakiki naye anapaswa kuwa na unyenyekevu huo, kwani hata kata huyajua tu maji iliyoyateka.