Kofia Si Ushahidi

Katika wilaya za Nachingwea na Ruangwa, Waislamu ni wengi, na kofia na kanzu ni mavazi ya kila siku. Askari akimsimamisha dereva huko kwa sababu ya kofia au ndevu, hajachuja mtu. Ameshuku umma mzima. Ibara ya 13 ya Katiba ya Tanzania ya 1977 inakataza ubaguzi, na dini imetajwa humo waziwazi. Ila mimi nasema zaidi: kushuku watu kwa dini yao kunadhoofisha usalama wenyewe.

Wanaotetea ukaguzi wa namna hiyo husema hatari ipo, na ni kweli. Cabo Delgado, jimbo la Msumbiji lenye waasi, iko ng'ambo ya mto Ruvuma, na Oktoba 2020 wapiganaji wa huko walivuka wakashambulia Kitaya, mkoani Mtwara. Lakini Kenya ilikwisha kulijaribu jambo hili. Aprili 2014 maelfu ya watu, wengi wao Wasomali, walikamatwa mtaa wa Eastleigh, Nairobi, na kwingineko, wakapelekwa uwanja wa Kasarani kuhakikiwa. Hata hivyo, Juni mwaka huohuo mji wa Mpeketoni ukashambuliwa, na Aprili 2015 watu 148 wakauawa Chuo Kikuu cha Garissa. Huko New York kitengo cha polisi kilipeleleza misikiti na migahawa ya Waislamu kwa miaka. Ofisa mwandamizi wa polisi hao akakiri kwa kiapo kwamba, tangu ashike kazi hiyo mwaka 2006, taarifa za kitengo hicho hazikuzaa uchunguzi hata mmoja wa ugaidi. Sishangai. Anayemtambua mgeni anayehubiri chuki ni imamu, ni jirani, ni bodaboda aliyembeba. Huyo huyo akisimamishwa kila mara na kuulizwa anaswali wapi, kituoni hatapiga simu.

Wapo wasemao asiye na hatia hana la kuogopa. Lakini dereva anapoteza abiria na hesabu ya siku, na anapekuliwa mbele ya watu wanaomheshimu. Hiyo ni adhabu bila kosa. Wengine watakumbusha kwamba Ruangwa ilitoa Waziri Mkuu Muislamu, Kassim Majaliwa, mwaka 2015. Cheo cha mmoja hakimkingi mwingine barabarani. Trafiki wakague leseni, bima, mwendo na mzigo, kwa kila dereva. Lakini anayesimamishwa kwa shaka ya usalama aambiwe sababu papo hapo, sababu hiyo iandikwe kitabuni, na mkuu wa kituo aisome kila mwezi ajue ni nani wanaosimamishwa, na kwa lipi.