NYUMBA YENYE DENI: BEI YAKE YA KWELI NI NGAPI?

Bismillahi Rahmani Rahim. Sifa zote ni za Allah, Mola wa viumbe vyote. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad, jamaa zake na masahaba wake.



Ijumaa hii tuzungumze jambo ambalo wengi wenu mmekuja kuniuliza baada ya swala, mmoja mmoja, kwa sauti ya chini: «Imamu, nikiweka parseli yangu banki ili nipate pesa ya kumalizia nyumba, kuna ubaya gani? Nitalipa kidogo kidogo kila mwezi.» Sitawajibu leo kwa neno moja la halali au haramu kisha nikae. Kila Muislamu amekwisha kusikia kwamba riba ni haramu, na bado watu wanakwenda kuichukua. Basi nataka kwanza tujue kile tunachonunua, na bei yake.

Nianze na kosa langu mwenyewe. Miaka iliyopita ndugu mmoja wa msikiti huu, mfanya biashara wa sokoni, aliniomba niwe shahidi kwenye karatasi yake ya mkopo. Karatasi ilikuwa ya Kifaransa, kurasa nyingi. Mimi nimesoma chuoni, Kur'ani na vitabu vya fikihi. Kifaransa changu ni cha kuuliza bei ya chumvi. Nikatia sahihi kwa sababu nilimpenda na nilimuamini. Nikamwombea dua. Baada ya miaka kadhaa Allah akamchukua. Siku ya janaza nikauliza, kama desturi yetu, je, marehemu ana deni? Watu wakanyamaza. Kisha kijana wake mkubwa akaja pembeni, akaniambia polepole: «Imamu, deni lipo, na jina lako limo kwenye karatasi.» Mjane hakujua kiasi. Ndugu wa marehemu hawakujua. Mimi shahidi sikujua. Mwisho nyumba iliuzwa, na yule mama leo anapanga vyumba viwili.

Hesabu za marehemu ni siri ya familia yake. Lakini tufanye hesabu ya mfano, tuione wote.

1. HESABU YA MWEZI NA HESABU YA MIAKA

Tuseme mtu amekopa dola 20,000 kwa miaka 10, faida ya 18 kwa mia kila mwaka. Wako wanaotoza chini ya hapo, na wako wanaotoza juu zaidi. Huu ni mfano tu. Atalipa karibu dola 360 kila mwezi. Akisikia 360 anasema moyoni: biashara ikienda vizuri nitaweza. Hapo ndipo macho yanafungwa, kwa maana anaangalia mwezi mmoja, naye amejifunga miezi 120. Zidisha: 360 mara 120 ni dola 43,200. Amechukua 20,000, atarudisha zaidi ya mara mbili. Nyumba ni moja, lakini amelipa bei ya nyumba mbili na zaidi, na ile ya pili hataiona kamwe.

Sasa tazama jambo ambalo wengi hawaambiwi. Mwezi wa kwanza analipa 360. Katika hizo, 300 ni faida ya mkopeshaji. Ni 60 tu zinazopunguza deni. Mwezi wa pili ni karibu hivyo hivyo. Akifika katikati ya safari, miaka 5 kamili bila kukosa hata mwezi mmoja, atakuwa ametoa dola 21,600, zaidi ya zile alizopewa. Ukimuuliza amebakiza kiasi gani, atasema nusu, dola elfu kumi. Sivyo. Amebakiza karibu 14,200. Nusu ya deni ataifikia mwisho wa mwaka wa saba.

Kwa hiyo mtu akifa au biashara ikianguka katika mwaka wa nne au wa tano, anawaachia watoto deni kubwa kuliko alivyofikiri. Hakuna aliyeiba. Hesabu ndivyo ilivyopangwa tangu siku ya kwanza: faida inatangulia kulipwa, deni linafuata nyuma.

Mtu huyo huyo angechukua miaka 5 badala ya 10, angelipa karibu dola 508 kila mwezi, na jumla ingekuwa karibu 30,500. Yaani ule mwezi mwepesi wa 360 unamgharimu zaidi ya dola 12,000. Wepesi wa leo unauzwa, na mnunuzi ni wewe wa kesho.

2. TATU KWA MIA SIYO TATU

Kwenye mikopo midogo utaambiwa «tatu kwa mia tu kwa mwezi». Uliza: tatu kwa mia ya nini? Mahali pengine wanahesabu juu ya deni lililobaki. Mahali pengine wanahesabu juu ya pesa yote ya mwanzo mpaka mwisho. Ukichukua dola 1,200 kwa miezi 12 kwa njia hii ya pili, kila mwezi utalipa 100 za deni na 36 za faida. Mwezi wa kumi na mbili unadaiwa dola 100 tu, lakini bado unatozwa faida ya 1,200. Hiyo 36 juu ya 100 siyo tatu kwa mia tena. Ndugu yangu, hiyo imekaribia ile tunayoilaani sote mtaani kwa jina la Banki Lambert.

Na sisi wenyewe tujiangalie. Likelemba, ambapo kila mtu anatoa sawa na kupokea sawa kwa zamu, ni msaada mzuri. Lakini kikundi cha akiba kinachomkopesha mwenzake na kumdai nyongeza ni riba ile ile, hata kama kinaanza mkutano kwa Fatiha.

3. UNAPATA FRANGA, UNADAIWA DOLA

Katika Kongo yetu mikopo mikubwa inaandikwa kwa dola. Lakini anayeuza mchele, mafuta na vitenge anapokea franga. Mwaka 2015 dola moja ilikuwa karibu franga 930. Mwaka 2024 ilikuwa karibu franga 2,800. Hizo dola 360 za kila mwezi zilikuwa franga kama 335,000. Zikawa zaidi ya milioni moja. Karatasi haikubadilika hata herufi moja, deni ndilo lililobadilika. Kweli, siku nyingine franga inapata nguvu, lakini hakuna anayekuhakikishia kwamba itapata nguvu mwezi ule unaohitaji wewe.

4. UNAWEKA NINI REHANI?

Kwa sheria ya tarehe 20 Julai 1973, ardhi ya nchi hii ni mali ya leta. Sisi tunapewa haki ya kuitumia, na shahada ya haki hiyo ni ile sertifika yenye jina lako. Ukiweka parseli rehani, deni linaandikwa kwenye sertifika hiyo. Tangu siku ile mtoto anayezaliwa ndani ya nyumba anazaliwa juu ya deni.

Na nyumba ikiharibika? Wenzetu wa Goma walijifunza tarehe 17 Januari 2002, lava ya Nyiragongo iliposhuka mpaka katikati ya mji. Moto unaweza kula ukuta, mabati na vitu vyote. Haufuti deni lililoandikwa.

Hapa kuna swali la haki ambalo nataka ulibebe mpaka nyumbani. Parseli ile umeandikwa wewe, lakini wanaoilalia ni wengi: bibi yako, watoto, pengine mama yako mzee. Pengine ni parseli ya baba yenu, na ndugu zako wana haki ya mirathi ndani yake. Je, unaweza kuweka rehani usingizi wa watu wanane kwa sahihi ya mtu mmoja? Utasema: nafanya kwa ajili yao. Naamini. Basi mbona hukuwaambia? Mtu anayefanya wema kwa watu wake hana haja ya kuuficha chini ya godoro.

5. DINI YETU INASEMAJE

Katika Suratul-Baqara, aya ya 275, Allah ametuhalalishia biashara na ametuharamishia riba. Aya ya 280 inamtaka mdai ampe nafasi mdaiwa aliye katika dhiki, na kusamehe ni bora zaidi. Kisha inakuja aya ya 282, aya ndefu kuliko zote ndani ya Kur'ani. Haizungumzii vita wala ufalme. Inazungumzia kuandika deni! Na ndani yake kuna jambo ambalo mimi, mwalimu wa chuo, nilikuwa nimelisoma mara nyingi bila kulielewa mpaka siku ya janaza ile: mwandishi aandike kwa uadilifu, lakini anayesema maneno ya kuandikwa ni yule anayedaiwa. Akiwa hawezi, basi msimamizi wake aseme kwa niaba yake.

Tafakari hilo. Allah ameweka maneno ya karatasi mdomoni mwa mdaiwa, ili asidaiwe kitu asichokijua. Sisi tunafanya kinyume: mdai ameandika yote, kwa lugha yake, nasi tunaonyeshwa tu mahali pa kutia sahihi. Na shahidi, ambaye kazi yake ni kukumbusha, hana cha kukumbusha kwa sababu hakusomewa kitu. Huyo nilikuwa mimi.

Deni lenyewe siyo dhambi. Mtume (S.A.W.) alifariki hali deraya yake iko rehani kwa Myahudi mmoja wa Madina, kwa ajili ya shayiri ya watu wa nyumbani kwake. Rehani ile ililinda kiasi kilichokopwa, haikuzaa nyongeza. Pamoja na hayo, Mtume alikuwa akijikinga kwa Allah na deni ndani ya swala. Alipoulizwa sababu, alieleza kwamba mtu akidaiwa huzungumza akasema uongo, na huahidi akavunja. Hiyo nayo ni bei, na haimo kwenye karatasi ya banki. Anayepita njia ya nyuma ili asikutane na mdai, anayemtuma mtoto aseme «baba hayupo», yeye analipa kwa imani yake.

Na mnajua habari ya Abu Qatada. Ililetwa janaza ya mtu mwenye deni la dinari chache tu, Mtume akajizuia kumswalia, mpaka Abu Qatada aliposimama na kulibeba deni lile. Kama dinari chache zilisimamisha janaza, sisi tunasema nini juu ya maelfu?

6. UTANIULIZA: NA KUPANGA JE?

Ni swali la haki. Anayepanga kwa dola 100 kila mwezi anatoa dola 12,000 kwa miaka 10, na hana hata tofali. Najua uchungu wa kufukuzwa na mwenye nyumba wakati wa mvua. Wako pia wanazuoni waliofungua mlango: mwaka 1999 Baraza la Ulaya la Fatwa na Utafiti liliwaruhusu Waislamu wa kule wenye dharura kununua nyumba ya kuishi kwa mkopo wa banki, kwa masharti, na wanazuoni wengine wengi wakalipinga. Ndugu zetu walioko Ubelgiji wanaijua hoja hiyo. Lakini angalia: hata walioruhusu wametaja dharura. Na dharura haijulikani kabla ya hesabu. Mwenye chumba cha kulala, anayekopa ili apate ghorofa kama jirani, asijiite mwenye dharura.

Wazee wetu walijenga polepole. Mwaka huu matofali ya kuchoma, mwaka ujao msingi, kisha mabati, mlango mmoja, familia inaingia, mengine yanafuata. Nyumba ile ilichelewa, lakini kila tofali lilikuwa lao siku ile ile lililonunuliwa. Na ukipata mtu wa kukuuzia kwa malipo ya polepole, kwa bei moja inayojulikana isiyoongezeka, hiyo ni biashara. Hata hivyo uliza bei yote, maana deni la halali nalo ni deni.

7. KABLA YA SAHIHI, ULIZA MATANO

Moja: mpaka mwisho nitalipa jumla ngapi, pamoja na malipo ya dosie, ya ofisi ya ardhi na bima? Mbili: nikifika katikati nitabakiza kiasi gani? Tatu: nikichelewa mwezi mmoja, naongezewa nini? Nne: nikifa, nani analipa? Tano: bibi yangu na watoto wangu wakubwa wanajua? Ukikosa jibu la moja katika hayo, rudisha kalamu.

Na aliyekwisha kuingia, asikate tamaa wala asijifiche. Aandike deni lake kwenye wasia, awaambie watu wake, alipe mapema kadiri anavyoweza, kwa maana kila anachopunguza mapema kinakata faida ya miaka ya mbele.

Tangu janaza ile sitii sahihi kwenye karatasi ambayo sijasomewa na kuielewa. Vijana wetu wanaojua Kifaransa na hesabu wamekubali kukaa hapa msikitini kila Jumapili baada ya swala ya Alasiri. Lete karatasi yako, kabla ya kuisaini au hata baada ya kuisaini. Hutachekwa, na siri yako itabaki siri.

Ewe Allah, tutosheleze kwa halali yako tusiihitaji haramu yako. Walipie walio na madeni, warehemu waliotangulia na madeni yao, na wape wajane na mayatima wetu paa lisilodaiwa. Amin.

Wassalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh.

(Karatasi hii ina jina la Allah. Usiitupe chini, na usiisome wakati wa hotuba. Ukimaliza, mpe jirani.)