Anachekwa Nani Masisi?

Amri Athumani, mchekeshaji ambaye wengi tunamjua kama King Majuto, alizaliwa Tanga mwaka 1948, akaanza kuigiza angali mtoto, na hakuacha mpaka maradhi yalipomwachisha. Alifariki katika Hospitali ya Muhimbili tarehe 8 Agosti 2018. Maisha yake yote alijifanya mzee mchoyo, mwongo wa mapenzi, mtu wa kumkwepa mdai wake. Je, hiyo ni kazi ya kumtosha binadamu?

Dar es Salaam swali hili ni la kupigia soga barazani. Masisi, mashariki ya Kongo, lina uzito mwingine. Filamu za Bongo hufika huko kwenye diski za kunakili na kadi za simu, na Kiswahili cha huko, ingawa si kile chetu hasa, hakihitaji mkalimani. Lakini huko kuna vita: Januari 2025 Masisi-kati ilitwaliwa na waasi wa M23; Walikale-kati ikafuata Machi, kisha wapiganaji wakaiacha Walikale Aprili. Aliyelala porini na watoto wake anapata wapi kicheko?

Husemwa kwamba watu hucheka ili wasahau. Silikubali. Aliyekimbia Nyabiondo, kule Masisi, hasahau kitu. Pikipiki ikinguruma tu nje, moyo unamruka. Nadhani anachokiona kwa Majuto ni ugomvi ambao bila amani hauwezekani. Mume hawezi kumficha mkewe pesa kama hakuna nyumba yenye pa kufichia. Mdai hana wa kumbishia hodi kama mtaa mzima umehama. Hata uchoyo unataka kwanza kuwe na chakula cha kunyimana! Shida ndogo kama hizi vita huzibeba mapema, na wagawaji wa maharage na maturubai hawana safu ya kuziandika kwenye fomu zao. Majuto alizihifadhi, bila kukusudia.

Uingereza nako walijifunza kwamba vita haviondoi haja ya burudani. Vita vilipoanza Septemba 1939, serikali ilifunga sinema na kumbi zote za maonyesho. Hazikupita wiki nyingi, zikaanza kufunguliwa. Mwaka 1942 kijana wa miaka 14, Bruce Forsyth, aliyekuja kuwa mtumbuizaji maarufu, alipanda jukwaani akiimba na kucheza. Akakaa kwenye kazi hiyo zaidi ya miaka 70, na mwaka 2011 Malkia akampa heshima ya kuitwa Sir.

Wa kwetu, Majuto, alipougua, kilichozungumzwa ni mikataba yake ya matangazo, ikafika hadi wizarani. Diski za kunakili hazikumpa hata senti. Basi ikiwa kazi yake ilikuwa na maana kule milimani Masisi, ni maana ambayo yeye hakuiona, achilia mbali kulipwa kwa ajili yake. Sioni kwamba hilo linaipunguza. Linatupunguza sisi kidogo. Si kwamba watazamaji hawakutoa pesa. Walitoa mlangoni pa banda la video, akapokea mwenye jenereta.